Rekodi Iliyoachwa Sekunde ya Nne

Mwizi hakuvunja dirisha. Hakuacha alama za vidole wala nyayo, na hakuna mbwa aliyebweka. Alichoiba kilikuwa dakika sita za mazungumzo ya simu, na aliyeibiwa alikuwa mtu wa mwisho kujua katika mji mzima wa Nuku'alofa, visiwani Tonga.

Ilikuwa Jumapili alasiri, saa ambayo makanisa yameshamwaga watu na duka lililo wazi ni la mkate tu. Watu walijipanga foleni, mikeka ya heshima imefungwa kiunoni, Biblia kwapani. Muuza mkate alikuwa ameegemeza simu yake kwenye mizani, na ndani ya simu hiyo mwanamke alikuwa akilia.

"Daktari, uvimbe umekua. Mume wangu hajui, usimwambie. Wakati mwingine naona afadhali nisiamke kabisa."

Mtu wa nne kwenye foleni aliitwa Sitiveni Vea. Aliitambua sauti kabla sentensi ya kwanza haijaisha, maana alikuwa ameishi nayo miaka thelathini na moja. Alitoka kwenye foleni bila mkate.

Jumatatu saa mbili asubuhi, Sitiveni na mkewe Ofeina walikuwa wamekaa mbele ya meza ya Inspekta Temaleti Lolohea. Ofeina alikuwa mwanamke mnene mwenye mikono ya kazi. Tangu ujana wake aliponda magome na kuyafanya vitambaa, na wenzake waliopiga nyundo pamoja naye ndio waliokuwa wakikusanya saini kuupinga muswada mpya. Muswada wenyewe ulikuwa mfupi. Ulifuta kibali cha hakimu, ili serikali iweze kusikiliza simu ya mtu yeyote, saa yoyote, bila kumuuliza yeyote. Bunge lingeupigia kura Alhamisi.

"Ulimpigia daktari lini?" Temaleti aliuliza.

"Tarehe kumi na mbili. Nilikwenda nyuma ya migomba ili mtu asinisikie."

"Nani alikuwa karibu?"

"Nguruwe."

"Daktari?"

"Kanizalisha watoto watano. Angekuwa na mdomo mwepesi, ningeshahama kisiwa."

Temaleti aliandika. Alikuwa mwanamke wa miaka arobaini na sita, mwembamba, na watu wa kituoni walisema hajawahi kupaza sauti kwa sababu hajawahi kuhitaji.

"Saini mmefikisha ngapi?"

"Elfu sita na mia mbili. Nimezifungia kabatini," Ofeina alisema. "Leo nawaambia kina mama basi, nimeacha. Nikisimama bungeni Alhamisi, waheshimiwa wataniangalia usoni au wataniangalia kifuani?"

Sitiveni aliinamisha kichwa. Mzee wa watu, hakujua aiweke mikono yake wapi.

"Mama Ofeina, usiache mpaka Alhamisi," Temaleti alisema.

"Kwa nini?"

"Kwa sababu nakuomba."

Waliondoka. Sajini Inoke, kijana mpana wa mabega aliyepaswa kuwa anaandika maelezo, aligundua kalamu yake imevunjika mkononi.

"Afande," alisema, "huyu mtu tukimkamata, naomba nimfunge pingu mimi."

"Tukimkamata kabla ya Alhamisi utamfunga. Baada ya hapo haitasaidia kitu. Twende."

Mtambo wa kunasa simu ulikuwa mmoja tu nchini, ndani ya Kitengo cha Ulinzi wa Mawasiliano, jengo jeupe lenye viyoyozi vingi kuliko madirisha. Mkuu wake alikuwa Mrakibu Sosaia Hausia, mwanamume mwenye upara uliong'aa na sare iliyopigwa pasi mpaka ikakata. Alimzidi Temaleti vyeo viwili, na aliwapokea kwa chai.

"Umechelewa, Inspekta," alisema akitabasamu. "Mwizi nimeshamkamata jana jioni."

"Jumapili?"

"Usalama haupumziki Jumapili. Ni fundi wangu, Lopeti Ngalu. Neno lake la siri ndilo lililofungua mtambo kila mara. Kazi yako imekwisha kabla chai haijapoa."

"Wangapi wanaweza kuufungua?"

"Watatu. Mimi, Lopeti, na mchambuzi wetu Vaha. Vaha yuko masomoni Auckland mwezi wa tatu huu."

"Na mtambo hauulizi kibali cha hakimu?"

"Mtambo hauombi karatasi, Inspekta. Sisi ndio tunaoombwa karatasi." Tabasamu lilipungua kidogo. "Mpaka Alhamisi."

Temaleti aliinywa chai yote. Wanaomjua wangejua kwamba hapo ndipo alipoanza kukasirika.

Lopeti Ngalu alikuwa mahabusu, miguu peku, macho mekundu. Alikuwa na miaka ishirini na minane na mtoto wa miezi mitatu.

"Ulinasa simu ya Ofeina Vea?"

"Hapana, mama."

"Neno lako la siri limetumika."

"Nimeambiwa. Sikulitumia."

"Nani mwingine analijua?"

"Hakuna. Yaani... lipo kwenye bahasha."

"Bahasha gani?"

"Kila mmoja wetu huandika neno lake, analitia kwenye bahasha, anagundisha, anasaini juu ya mfuniko. Likitokea la kutokea, bosi anafungua. Bahasha zipo kwenye sefu yake."

"Ulisaini kwa kalamu gani?"

Lopeti alimwangalia kama aliyeulizwa rangi ya soksi za marehemu.

"Ya bluu. Ile aliyonipa mke wangu nilipopata kazi. Sina nyingine."

"Kwa nini hukuyasema haya jana?"

"Nilisema. Mrakibu alisema bahasha ipo, imefungwa, saini yangu ipo juu. Akaniambia nikikiri atanisaidia."

"Usikiri," alisema Temaleti. "Lala kidogo."

Mchana huohuo alikwenda kwa hakimu kuomba kibali cha kuchukua daftari la mtambo na zile bahasha. Ilichukua saa moja na robo. Aliporudi nacho, Hausia alikisoma mara mbili.

"Daftari na bahasha tu? Chukua na rekodi zenyewe. Kaa usikilize zote, utamsikia huyo mama anavyopanga siasa. Pengine utanishukuru."

"Kibali kinasema daftari na bahasha, mkuu. Sauti zina wenyewe."

"Utapelelezaje wizi wa sauti bila kusikiliza sauti?"

"Nitajaribu."

Hausia alicheka. Kilikuwa kicheko cha mtu anayemwonea huruma mwanafunzi.

Daftari la mtambo halina maneno. Lina safu za namba: nani kampigia nani, tarehe, mazungumzo yalidumu muda gani, na msikilizaji aliyasikiliza kwa muda gani. Temaleti na Inoke walilichapisha, wakalitandaza sakafuni ofisini, wakapiga magoti juu yake kama watu wanaochagua maharage.

Jumanne yote walihesabu. Watu waliosikilizwa walikuwa arobaini na mmoja. Wote walikuwa wanawake, ama wa kikundi cha nyundo ama waliozungumza nao. Ndani ya wiki sita, mazungumzo mia tatu na kumi na mawili yalikuwa yamesikilizwa mwanzo hadi mwisho, mengine mara mbili. Binti akimpigia mama yake kutoka Brisbane. Mke akimpigia dada yake saa sita usiku. Mtu fulani alikuwa amekaa kwenye kiti, na spika za masikioni, akaingia katika kila nyumba bila kuvua viatu.

"Hapa pameharibika," Inoke alisema saa kumi jioni.

"Wapi?"

"Namba hii. Ofeina kazungumza nayo mara kumi na moja. Mazungumzo marefu, dakika ishirini, arobaini. Lakini msikilizaji kasikiliza sekunde nne. Nne. Nne. Tatu. Nne. Nimempigia mhandisi wa kampuni iliyouza mtambo, yuko Wellington. Anasema ni hitilafu, watatuma mtu."

"Ni namba ya nani?"

"Siu Kioa. Katibu wa kikundi."

Temaleti alikaa chini kabisa. Katibu ndiye aliyehesabu saini, ndiye aliyejua mipango yote. Ukitaka kuwavunja wale kina mama, simu ya kwanza kuisikiliza ni hiyo. Na huyo ndiye aliyerukwa.

"Hitilafu inayomchagua mtu mmoja," alisema, "sijawahi kuiona."

Lakini hakujua ni nini, na alirudi nyumbani na hasira zake. Kabla ya kura ilibaki siku moja na usiku wake.

Nyumbani alimkuta kaka yake Kepu ameleta viazi vikuu vya shambani, kama alivyofanya kila Jumanne. Temaleti alimpakulia majani ya magimbi yaliyopikwa na nyama ya kondoo, akamwekea sebuleni. Kepu alikuwa mkulima wa maneno machache aliyekula kwa bidii. Simu ya Temaleti ililia, naye mikono yake ilikuwa na mafuta, akabonyeza spika kwa kiwiko.

"Shoga!" ilipiga kelele sauti ya jirani yake. "Hebu niambie, yule mwanamume wa ofisi ya ardhi aliyekuwa anakuzungukazunguka..."

Kepu hakusubiri. Aliinuka na sahani yake, mdomo umejaa, akatoka nje. Kupitia dirishani Temaleti alimwona ameinama akilikagua tairi la gari lake, tairi ambalo halikuwa na kasoro yoyote, huku akitafuna. Angekaa pale hata nusu saa. Tangu Temaleti alipovunja ungo, Kepu hajawahi kulala chini ya paa moja naye, hajawahi kutazama naye filamu yenye busu, na hajawahi kusikia jambo lake la siri. Hakuna aliyemlazimisha. Ndivyo kaka anavyokaa na dada yake visiwani humu, na wakubwa kwa wadogo wanafanya hivyo bila kufikiri.

"Shoga? Upo?"

Temaleti hakujibu. Alikuwa akihesabu. Simu ilifunguliwa, sauti ikatambulika, kaka akainuka. Muda wote huo ulikuwa sekunde tatu, labda nne.

Alikata simu, akatoka mbio nje.

"Kaka!"

"Umemaliza?" Kepu aliliuliza tairi.

"Kaka, wewe ni mpelelezi kuliko mimi. Ingia ndani, nakuongezea nyama."

Siu Kioa aliishi upande wa pili wa mji, katika nyumba yenye varanda na mbwa wanne wavivu. Jua lilikuwa bado halijazama Temaleti alipofika. Siu alikuwa mwanamke wa miaka hamsini, mjane, mwenye miwani iliyofungwa uzi. Alitandika mkeka, akaleta maji ya nazi.

"Dada Siu, simu yako ilinaswa."

"Nilijua tu. Kwa hiyo na mimi nitasikika dukani kwa muuza mkate?"

"Hapana. Aliyenasa hakusikiliza. Kila mara aliacha."

Siu alivua miwani. "Alinionea huruma?"

"Nadhani alikuheshimu. Naomba ruhusa yako niitaje rekodi yako mbele ya watu wawili. Sitaicheza. Nitaitaja tu."

"Itaje." Kisha, polepole: "Aliniheshimu kwa nini?"

Temaleti hakujibu, kwa sababu macho yake yalikuwa yamefika ukutani. Palikuwa na picha ya msiba. Jeneza, marundo ya mikeka mizuri, Siu mwenyewe amekaa karibu na marehemu. Na nyuma, uani, kwenye moshi wa shimo la kupikia, mwanamume mmoja alikuwa akigeuza nguruwe. Alikuwa amejifunga mkeka mkubwa uliochakaa uliofika kifuani, ule wanaovaa walio chini kabisa kiheshima mbele ya marehemu. Upara wake uling'aa hata katikati ya moshi.

"Msiba wa nani huu?"

"Wa mama yangu. Mwaka juzi, kule kisiwani Niuatoputapu."

"Na yule mpishi?"

"Sosaia, mtoto wa kaka yake mama. Mama alikuwa shangazi yake, na kwetu shangazi ni mkubwa wa wote, kwa hiyo pale hakuna cha cheo wala nyota begani. Kazi yake ilikuwa moshi na nguruwe, na aliifanya vizuri. Hata kuniangalia..." Mkono uliokuwa na miwani ulishuka taratibu mpaka magotini. "Sosaia?"

"Sijasema kitu, dada."

"Huhitaji kusema." Alilia kidogo, bila sauti. Kisha aliinuka, akaitoa picha ukutani, akaifuta vumbi kwa kiganja. "Ni binamu, lakini kwetu binamu ni kaka, na nampenda. Lakini Ofeina hali chakula tangu juzi. Ichukue."

Jumatano saa tatu asubuhi, majibu ya maabara ya uchunguzi yalikuwa mezani kwa Temaleti. Saini iliyokuwa juu ya bahasha ya Lopeti ilikuwa ya wino mweusi. Gundi ilikuwa na umri wa wiki chache, wakati bahasha nyingine zilikuwa za mwaka jana. Mtu alikuwa ameifungua ya kwanza, akaitupa, akaandika nyingine.

"Inatosha kumkamata," Inoke alisema.

"Itatosha kumfanya aseme kuwa Lopeti alibadilisha bahasha mwenyewe. Waite wote wawili chumba cha mahojiano. Mwambie Mrakibu tunahitaji utaalamu wake."

Hausia alikuja na sare yake inayokata. Lopeti aliletwa, bado peku. Katikati ya meza palikuwa na kisanduku kidogo cha kuchezea sauti.

"Nashukuru kwa muda wako, mkuu," Temaleti alisema. "Kuna rekodi kwenye daftari ambayo mhandisi anasema ina hitilafu. Ni mazungumzo ya Ofeina na mtu mmoja. Wewe uliwahi kulifungua daftari hilo?"

"Kamwe. Nilikuachia wewe."

"Wala kuzisikiliza rekodi?"

"Nimeshakwambia, ni kazi ya huyu kijana."

"Andika, Sajini. Basi nawaomba wote wawili mniambie hitilafu iko wapi. Mwenye sauti amenipa ruhusa. Ni rekodi ya tarehe kumi na tisa, dakika arobaini."

"Nipo tayari," Lopeti alisema, akasogeza kiti na kutega sikio. Fundi ni fundi, hata akiwa mahabusu.

Kidole cha Temaleti kilishuka kuelekea kwenye kitufe.

"Ngoja," Hausia alisema.

"Mkuu?"

"Hiyo si lazima."

"Dakika moja tu."

"Mimi natoka. Mtaniita mkimaliza." Alikuwa ameshasimama. Jasho lilikuwa limeota juu ya upara.

"Unatoka kwa nini?"

"Inspekta, wewe ni Mtonga kama mimi. Unajua siwezi kukaa humu ikichezwa. Mila ni mila."

"Mila gani, mkuu?" Temaleti aliuliza kwa upole. "Daftari lina watu arobaini na mmoja. Sijasema ni sauti ya nani."

Lopeti alimgeukia bosi wake taratibu, mdomo wazi. Inoke aliacha kuandika.

Hausia alibaki amesimama, mkono mmoja kwenye kitasa.

"Kisanduku ni kitupu," Temaleti alisema, akakigeuza. Hakikuwa hata na betri. "Sijamsikiliza Siu. Sijamsikiliza mtu yeyote. Kaa, mkuu."

Alikaa. Temaleti aliweka picha ya msiba mbele yake, na juu yake karatasi ya maabara. Hausia aliitazama picha tu.

"Siku tisa," alisema hatimaye.

"Zipi?"

"Mwanangu Maile. Mlikuja kumzika, wewe na Inoke, nakumbuka." Sauti yake haikuwa tena ya mtu wa chai. "Nilijua muuza dawa za kulevya ni nani. Nilijua nyumba yake, nilijua simu yake. Nikaomba kibali cha kumsikiliza. Hakimu alikuwa kwenye mkutano wa kanisa visiwani Ha'apai, meli imeharibika, na hakuna mwingine wa kusaini. Siku tisa nilisubiri karatasi. Siku ya saba Maile alinunua kwa mtu yuleyule. Nilimkuta amelala bafuni. Alikuwa na miaka kumi na tisa."

Temaleti alikuwa amelibeba jeneza lile kwa macho yake mpaka makaburini.

"Niliapa hakuna baba mwingine atakayesubiri karatasi. Ule muswada niliuandika mimi, neno kwa neno. Ukakubaliwa kila mahali. Halafu anatokea mama mmoja na nyundo yake, na watu elfu sita nyuma yake."

"Ukamnasa."

"Nilitafuta kitu kimoja tu cha kumrudisha nyumbani. Nikafungua bahasha ya kijana, kwa sababu neno langu lingeonekana. Nikaipata ile simu ya daktari."

"Na ukairusha mtandaoni."

"Ndiyo, mimi."

"Ndani ya wiki hizo sita, ulimsikiliza muuza dawa yeyote?"

Hausia alitikisa kichwa.

"Jibu kwa ajili ya kumbukumbu, mkuu."

"Hapana."

"Hata mmoja?"

"Hata mmoja."

Temaleti aliegemea mbele. Kwa mara ya kwanza katika miaka ishirini na miwili ya kazi, sauti yake ilipanda.

"Ulipofika kwa Siu, mara kumi na moja, uliziba masikio. Hakuna hakimu aliyekuzuia. Hakuna sheria iliyokuzuia. Ulikuwa peke yako na mlango umefungwa. Kwa nini?"

"Ni dada yangu."

"Ofeina ana kaka wanne. Yule binti wa Brisbane ana kaka wawili. Nimewahesabu, mkuu, mmoja mmoja, wote arobaini na mmoja. Kila uliyemsikiliza ni dada wa mtu."

Hausia aliweka viganja usoni. Kisha aliomba kalamu. Aliandika maelezo yake yote bila kubakiza, akasaini, na alipomaliza alimgeukia Lopeti.

"Nisamehe, kijana."

"Nataka viatu vyangu," Lopeti alisema.

Inoke alifunga pingu. Hakuzikaza.

Habari ilitangazwa redioni saa saba mchana. Saa nane, Temaleti alikwenda mwenyewe kwenye banda la nyundo. Lilikuwa kimya. Ofeina alikuwa amekaa peke yake mbele ya gogo, magome yamemkaukia pembeni. Temaleti alimweleza yote, tangu tairi la Kepu hadi kisanduku kitupu, na alimweleza pia habari ya siku tisa.

Ofeina alisikiliza hadi mwisho.

"Maile nilimfundisha shule ya Jumapili," alisema. "Alikuwa na meno mabaya na anacheka sana." Aliokota gome lililokauka. "Baba yake alikuwa na haki ya kulia. Hakuwa na haki ya kuingia chumbani kwangu."

"Hapana."

"Na wewe hukunisikiliza? Hata kidogo?"

"Hata kidogo."

Ofeina aliinua nyundo yake, akaigeuza mkononi, akapiga gogo mara moja. Kutoka nyumba ya tatu mtu alijibu kwa pigo lake. Kisha mwingine, ng'ambo ya barabara. Dakika kumi baadaye banda lilikuwa limejaa wanawake, na anayesema hakulia siku ile hakuwepo.

Alhamisi asubuhi waliingia bungeni wakiwa mia nne, mikeka kiunoni, na saini zimefikia elfu tisa. Ofeina aliruhusiwa dakika tano. Alitumia tatu.

"Waheshimiwa," alisema, "mwizi wangu alikamatwa kwa siku tatu, na inspekta aliyemkamata hakumsikiliza mtu hata mmoja. Aliomba kibali, akakipata kwa saa moja na robo. Kwa hiyo tusiambiwe haiwezekani. Lakini kuna baba aliyesubiri siku tisa, na mtoto wake akafa. Hilo nalo lisirudiwe. Wekeni hakimu wa zamu, mchana na usiku, Jumapili na sikukuu, ili polisi wa kweli asisubiri. Ila aombe. Kila mara, aombe."

Muswada ulianguka, kura kumi na saba kwa nane. Hoja ya hakimu wa zamu ilipita bila mpinzani. Kelele zilizotoka uwanjani ziliwaamsha mbwa mpaka bandarini, na kuna mzee wa heshima kabisa aliyeonekana akicheza na mkongojo wake. Lopeti alikuwepo, mtoto kifuani, viatu vipya miguuni. Siu alisimama kando, akilia na kucheka kwa zamu, na Ofeina alimfuata palepale alipokuwa, akamshika mkono, akamwingiza katikati ya wenzake.

Inoke alisimama pembeni ya Temaleti, amejivuna kama ndiye aliyepiga kura zote kumi na saba.

"Afande, nimesikia Mama Ofeina alikwenda hospitali jana jioni na mumewe. Majibu yametoka."

"Eeh."

"Na wewe ulimpitia leo asubuhi. Alikwambia?"

"Aliniambia."

"Yakoje?"

Temaleti aliwatazama kina mama waliokuwa wakiimba. Sitiveni Vea alikuwa katikati yao, mkate mkubwa umemkaa kwapani, na kwa sababu anazozijua yeye na mkewe alikuwa akiimba kwa sauti kuliko wote.

"Sajini," alisema, "hayo ni yao."